Kitabu cha ufafanuzi ni shahidi, kihojiwe

Kila anayesali Baba Yetu hutamka, mara nyingi bila kujua, mojawapo ya maneno magumu kuliko yote katika Agano Jipya. Katika Biblia ya Union Version ya mwaka 1952 ugumu huo umetulizwa ndani ya neno moja la Kiswahili: "Utupe leo riziki yetu." Wakatoliki wamezoea "mkate wetu wa kila siku." Nyuma ya maneno hayo kuna neno la Kiyunani, epiousios. Limo katika Mathayo 6:11, limo katika Luka 11:3, na ukiwaondoa waandishi wa Kikristo walioinukuu sala yenyewe, halionekani popote katika maandishi ya Kiyunani ya kale yaliyotufikia. Origene, aliyeishi na kufundisha kwa Kiyunani katika karne ya 3, alikiri kwamba hakulikuta kwa wanazuoni wala midomoni mwa watu wa kawaida, akaona kwamba wainjilisti ndio waliolitunga. Yeronimo naye, alipozisahihisha Injili za Kilatini mwishoni mwa karne ya 4, aliliandika neno hilohilo kwa namna mbili: katika Luka ni mkate "wa kila siku", katika Mathayo ni mkate ulio juu ya vitu vyote.

Mwaka 1889 ilichapishwa hati ya mafunjo iliyochimbuliwa Hawara, nchini Misri. Msomaji wake alikuwa mtaalamu Mwingereza, Archibald Sayce. Hati yenyewe ni orodha ya matumizi ya nyumbani: kiasi fulani kwa kitu hiki, kiasi fulani kwa kile. Katikati ya orodha hiyo Sayce alisoma herufi ambazo wataalamu waliomfuata walizitambua kuwa ni za epiousios. Unaweza kuelewa furaha yao. Neno ambalo Origene hakuwahi kulisikia sasa limeonekana katika hesabu za nyumbani. Basi bila shaka lilikuwa neno la kawaida, lenye maana ya posho ya siku. Kamusi zikaiingiza hati hiyo. Vitabu vya ufafanuzi vikazinukuu kamusi. Wahubiri wakavinukuu vitabu vya ufafanuzi.

Hati yenyewe ikapotea. Mwaka 1957, mtaalamu wa maandiko ya Agano Jipya Bruce Metzger alipoandika makala akiuliza neno hili linapatikana mara ngapi nje ya sala ya Bwana, hapakuwa na mtu wa kumwonyesha hati ilipo. Ikaja kuonekana mwaka 1998 katika Chuo Kikuu cha Yale. Wataalamu walipoisoma upya kwa macho yao, wakakuta neno lililoandikwa pale ni elaiou. Mafuta.

Kisa hiki nakipenda kwa sababu hakuna mwovu ndani yake. Sayce hakudanganya, alisoma mwandiko mbaya wa mtu aliyekuwa anapiga hesabu zake haraka. Waandishi wa kamusi hawakudanganya. Walimwamini mtangulizi wao. Lakini kwa miongo kadhaa mnyororo mzima wa vitabu vyenye heshima ulining'inia kwenye msumari mmoja, na aliyekuwa mwishoni mwa mnyororo, yaani mwalimu wa Biblia aliyefungua kitabu Jumamosi usiku akiandaa somo la kesho, hakuwa na njia ya kujua. Angehesabu vitabu sita vinavyokubaliana na kuona ana mashahidi sita. Kumbe shahidi ni mmoja, na huyo mmoja aliona vibaya.

Ndiyo maana nasema kitabu cha rejea, kiwe itifaki (orodha ya maneno ya Biblia na mistari yanamopatikana), kamusi, atlasi au ufafanuzi, kimeletwa mezani kutoa ushahidi. Swali la kukiuliza ni moja: umejuaje? Kitabu kinacholijibu swali hilo kinafaa hata pale kinapokosea, maana kosa lake linaweza kukamatwa. Kisicholijibu hakina faida kubwa hata pale kinaposema kweli, maana hakuna namna ya kuitenganisha kweli yake na dhana yake.

Kitabu ambacho wengi wetu tumekipa mamlaka kisiyoyaomba ni itifaki ya James Strong ya mwaka 1890. Naisema kazi hii kwa heshima. Itifaki za Biblia zina historia ndefu: katika karne ya 13 Hugh wa Saint-Cher na ndugu zake Wadominikani huko Paris walipanga maneno ya Biblia ya Kilatini kabla hata mistari haijapewa namba, wakaigawa kila sura kwa herufi a hadi g ili msomaji apate pa kuanzia. Namba za mistari ya Agano Jipya tunazozitumia zililetwa na Robert Estienne mwaka 1551. Strong alifika mbali zaidi. Aliorodhesha maneno ya Biblia ya Kiingereza ya King James, kisha akalipa kila neno la asili namba yake, Kiebrania kuanzia 1 hadi 8674, Kiyunani hadi 5624. Mtu asiyejua herufi hata moja ya Kiebrania akapata mlango wa kuingilia.

Tatizo limo mwishoni mwa kitabu, katika kamusi fupi aliyoiambatanisha. Tazama ingizo lolote kwa makini. Kwanza kuna asili ya neno na maana yake kwa kifupi. Kisha inakuja alama, nukta mbili na kistari. Vyote vinavyofuata baada ya alama hiyo si maana ya neno. Ni orodha ya maneno ambayo watafsiri wa mwaka 1611 waliyatumia katika sehemu mbalimbali za Biblia yao. Strong mwenyewe alieleza hivyo katika maelekezo yake. Lakini nani husoma maelekezo? Orodha hiyo imehamishiwa kwenye programu za simu, na msomaji huipitia kama mtu anayechagua nguo sokoni: hii inanipendeza, naichukua. Halafu anasimama mbele za watu na kusema, "Katika Kiyunani neno hili lina maana ya..."

Ubaya wa jambo hili unaonekana vizuri zaidi ukiligeuza kwetu. Chukua kitenzi chetu piga. Tunapiga kura, tunapiga simu, tunapiga pasi, tunapiga mbiu, tunapiga hatua, tunapiga moyo konde. Sasa mfikirie msomi wa karne nyingi zijazo, asiyejua Kiswahili, mwenye itifaki ya Biblia yetu mkononi. Anafika Wafilipi 2:10, "kila goti lipigwe." Anatafuta namba ya piga, anakuta kuchapa, kugonga, kujeruhi. Anawaeleza wasikilizaji wake kwamba Waswahili waliamini magoti ya wanadamu wote yatatandikwa kwa fimbo siku ya mwisho, na kwamba kila mpiga kura alikuwa na ugomvi na karatasi yake. Kila alichokisema kimetoka katika kamusi sahihi. Na hakuna alichokielewa.

Hilo ndilo tunalowafanyia Mathayo na Paulo. Tunalivunja neno ekklesia vipande viwili, tunapata "walioitwa watoke", na juu ya vipande hivyo tunajenga fundisho zima la kanisa, ilhali katika Matendo 19 Luka anatumia neno hilohilo kwa kusanyiko lenye fujo la watu wa Efeso, wengi wao wasijue hata kwa nini wamekusanyika. Sisi wenyewe tunasema mwanafunzi, na hakuna anayedai kwamba mzee wa miaka 70 anayejifunza kusoma ni lazima awe mwana wa mtu fulani aitwaye Funzi. Tunalichukua dunamis la Warumi 1:16 na kusema Injili ni baruti, dainamaiti ya Mungu. Jina la dainamaiti lilitolewa na Alfred Nobel mwaka 1867. Paulo hakuwa na habari ya kitu kinacholipuka na kubomoa jabali, na alipotaka kueleza uweza wa Mungu alikuwa na kaburi lililo wazi la kuonyesha.

Mimi mwenyewe nilifundisha kwa miaka mingi kwamba agape ni upendo wa Mungu, na philia ni upendo wa urafiki tu. Somo langu nililolipenda lilikuwa Yohana 21. Union Version ina kitenzi kimoja mle ndani, kupenda, lakini Kiyunani kina viwili: mara mbili Yesu anatumia agapao, Petro anajibu kwa phileo, na mara ya tatu Yesu anashuka kwenye phileo. Nilikuwa naeleza jinsi Bwana alivyoinama mpaka mahali ambapo Petro aliweza kufika, na watu walikuwa wakiguswa. Siku moja mama mmoja mzee katika darasa letu akanyoosha mkono. "Mwalimu," akasema, "Petro si alikuwa mvuvi wa Galilaya? Mchezo huo wa maneno mawili waliucheza kwa lugha gani?"

Sikuwa na jibu. Nilirudi nyumbani nikafanya nilichopaswa kufanya tangu mwanzo: badala ya kusoma maana ya neno, nikasoma mahali linapotumika. Katika Yohana 3:35 Baba ampenda Mwana kwa agapao. Katika 5:20 Baba ampenda Mwana kwa phileo. Dema anayemwacha Paulo katika 2 Timotheo 4:10 aliupenda ulimwengu huu kwa agapao. Kisha nikafungua tafsiri ya kale ya Kiyunani ya Agano la Kale, Septuaginta, kwenye 2 Samweli 13, habari ya Amnoni na dada yake Tamari. Upendo wa Amnoni, ule uliomsukuma kumbaka na kisha kumfukuza, pale umeandikwa agape.

Baada ya kuona hilo sikuweza tena kufundisha nilivyokuwa nikifundisha. Na nilipogeukia mahubiri ya Yohane Krisostomo, mtu ambaye Kiyunani ndicho alichonyonya kwa mama yake, nilikuta anaipitia sura ya 21 bila kujenga chochote juu ya tofauti ya vitenzi hivyo viwili. Jambo lingine nililipita kila mwaka bila kuliona: katika mistari hiyohiyo Yohana anabadili pia maneno ya kondoo na ya kuchunga, na hata kitenzi cha kujua, ambacho watafsiri wa Union Version walikigundua, wakaandika "wewe wajua yote; wewe umetambua ya kuwa nakupenda." Yohana hupenda kubadili maneno. Uzito wa habari ile umo katika swali kuulizwa mara tatu, kwa mtu aliyekana mara tatu, kando ya moto wa makaa. Hilo lipo wazi kwa Kiswahili bila namba yoyote.

Kuhusu Kiyunani kuna jambo ambalo msomaji wa vitabu vya bure anapaswa kulijua. Vitabu vinavyopatikana bure kwenye simu zetu vinapatikana bure kwa sababu moja: ni vya zamani, haki zake za uchapishaji zimekwisha. Strong ni wa 1890. Kamusi ya Kiyunani ya Joseph Thayer ilitoka miaka ya 1880. Matthew Henry, mchungaji aliyeandika ufafanuzi wa Biblia, alifariki mwaka 1714. Kwa hiyo anayetegemea vya bure peke yake anasoma katika maktaba iliyofunga milango mwanzoni mwa karne ya 20, na milango hiyo ilifungwa wakati mbaya sana, mambo makubwa yakiwa ndiyo kwanza yanaanza kufukuliwa ardhini.

Majira ya baridi ya mwaka 1896 kuingia 1897 Bernard Grenfell na Arthur Hunt walianza kuchimba majalala ya mji wa kale wa Oxyrhynchus, Misri. Wakatoa hati za mafunjo kwa maelfu: barua, mikataba, malalamiko, stakabadhi. Thayer alikuwa amefunga kamusi yake kwa orodha ya mamia ya maneno aliyodhani ni ya Biblia peke yake. Hati zilipoanza kusomwa, maneno hayo yakaonekana moja baada ya jingine katika midomo ya wafanyabiashara na askari. Mtaalamu Mjerumani Adolf Deissmann ndiye aliyewafanya watu waelewe maana ya jambo hilo: Agano Jipya liliandikwa kwa lugha ya watu.

Mfano mmoja tu. Katika Mathayo 6 Yesu anasema juu ya wanaotoa sadaka kwa kupiga panda mbele yao: "Wamekwisha kupata thawabu yao." Kitenzi ni apecho. Katika stakabadhi za Misri, zilizoandikwa kwenye mafunjo na kwenye vigae, hilo ndilo neno la kufungia hesabu: nimepokea yote, sikudai tena. Deissmann aliposoma stakabadhi hizo aliona kwamba Yesu anamwandikia mnafiki risiti. Amesifiwa na watu, akalipwa, akatia sahihi, hana anachomdai Mungu. Paulo anatumia neno hilohilo katika Wafilipi 4:18 alipopokea zawadi kwa mkono wa Epafrodito, na barua nzima inachangamka ukimsikia akiwapa marafiki zake stakabadhi. Hakuna kamusi ya kabla ya hati hizo inayoweza kukuonyesha jambo hili ipasavyo.

Upande wa Kiebrania hali ni hiyohiyo. Goliathi wa 1 Samweli 17:4 katika Biblia yetu ana urefu wa "mikono sita na shibiri moja", karibu mita tatu. Septuaginta ilisema mikono minne na shibiri, kama mita mbili, na kwa muda mrefu ilikuwa rahisi kudhani kwamba mtafsiri wa Kiyunani alipunguza ili asionekane mwongo. Magombo ya Qumran, hati za kale zilizofichwa mapangoni karibu na Bahari ya Chumvi, yalianza kugunduliwa mwaka 1947, na katika hati ya Samweli iliyotoka katika mapango yale, ya Kiebrania na ya zamani kuliko hati yoyote tuliyokuwa nayo ya kitabu hicho, Goliathi ana mikono minne na shibiri. Mfafanuzi aliyekufa kabla ya hapo hawezi kukujadilia jambo hili, hata angekuwa na hekima ya Sulemani.

Sisemi vya zamani vitupwe. Kamusi na ufafanuzi havizeeki kwa mwendo mmoja. Kamusi huzeeka kwa sababu inasimama juu ya ushahidi, na ushahidi huongezeka. Mfafanuzi aliyeisikiliza hoja ya mtume hatua kwa hatua haishi hamu. Calvin juu ya Warumi bado ana makali, na Krisostomo bado anasikia sauti ya Paulo inapopanda na kushuka, kwa sikio ambalo hakuna profesa wa leo aliye nalo. Matthew Henry bado ni mchungaji mwema wa kukaa naye asubuhi. Ila ujue unakaa na nani: Henry alikata roho akiwa amefika mwisho wa Matendo, na sehemu ya kuanzia Warumi hadi Ufunuo iliandikwa na wachungaji wenzake. Kila unaposikia "Matthew Henry anasema katika Waefeso", si yeye anayesema. Na alifariki miaka 130 kabla mtaalamu Mjerumani Tischendorf hajaona kurasa za kwanza za hati kuu ya Sinai, nakala ya kale ya Biblia ya Kiyunani, mwaka 1844.

Umri si kila kitu pia. Kuna kamusi mpya kwa wakati wake, kubwa, yenye wasomi wa kila namna, ambayo bado inahitaji kusomwa kwa tahadhari. Nazungumzia kamusi ya kiteolojia ya Agano Jipya iliyoanzishwa na Gerhard Kittel nchini Ujerumani, ambayo kwa tafsiri ya Kiingereza ni juzuu 10. Mwaka 1961 mtaalamu wa Biblia James Barr aliichambua bila huruma. Alionyesha kwamba waandishi wake mara kwa mara walikusanya kila walichokijua juu ya wazo fulani, kisha wakakimimina chote ndani ya neno moja, kana kwamba kila anayelitamka anasema yote kwa pamoja. Ni kosa lilelile la kila goti lipigwe, safari hii likiwa na tanbihi nyingi na jalada gumu. Hoja ya Barr haijajibiwa mpaka leo, kwa maoni yangu, na mahubiri mengi bado yanaandikwa kana kwamba hakuwahi kuishi.

Kuna la pili, na ni zito zaidi. Kittel alijiunga na chama cha Nazi mwaka 1933, mwaka uleule juzuu la kwanza lilipokamilika, na mwaka huohuo akatoa kijitabu juu ya Wayahudi kilichotaka wanyimwe haki sawa na wananchi wengine. Baada ya vita Wafaransa walimkamata. Alikuwa ameyatumia maisha yake kusoma maandiko ya Kiyahudi, na kamusi yake hutumiwa na Wakristo wengi kuelewa Mafarisayo walikuwa watu gani na sheria ilikuwa na maana gani kwa Wayahudi. Waandishi walikuwa wengi na si wote walifikiri kama yeye. Kuna makala humo ambazo bado nazirudia kwa faida. Lakini ninaposoma humo kwamba dini ya Kiyahudi ya wakati wa Yesu ilikuwa kavu, ya kuhesabu matendo, isiyo na neema, namwuliza mwandishi kwa ukali kuliko kawaida: umejuaje? Na nafungua maandiko ya Kiyahudi yenyewe.

Hatari kubwa kuliko zote, hata hivyo, haiko katika majuzuu mazito ambayo wachache huyafungua. Iko pambizoni, katika maelezo yaliyochapwa ukurasa mmoja na Neno lenyewe. Watawala waliitambua nguvu hiyo mapema. Biblia ya Geneva ya mwaka 1560 ilijaa maelezo ya pembeni, na kwenye Kutoka 1:19, wakunga wa Kiebrania walipokataa amri ya Farao ya kuua watoto, pambizo lilisema kutotii kwao kulikuwa halali. Mfalme James wa Uingereza hakuvumilia. Katika mkutano wa Hampton Court mwaka 1604 aliyalalamikia maelezo hayo, na watafsiri wa Biblia iliyobeba jina lake wakaagizwa wasiweke maelezo ya pembeni isipokuwa ya kufafanua maneno ya Kiebrania na Kiyunani. Sipendi sababu ya mfalme. Wakunga walikuwa sahihi na pambizo lilikuwa sahihi. Lakini alielewa jambo ambalo sisi tunalisahau: jicho la msomaji halijui mpaka kati ya mstari na maelezo ya mstari.

Karne moja baadaye, kufikia mwaka 1701, Biblia za Kiingereza zilikuwa zikichapwa na tarehe pambizoni, zikifuata hesabu za Askofu James Ussher, uumbaji ukiwekwa mwaka 4004 kabla ya Kristo. Vizazi vikakua vikidhani tarehe hiyo ni sehemu ya kitabu cha Mwanzo. Mwaka 1909 C. I. Scofield akatoa Biblia yenye maelezo yake, na mfumo wake wa kuigawa historia ya wokovu katika vipindi saba ukaenea duniani kote kwa kasi ambayo hakuna kitabu kingine cha teolojia kingeweza kuifikia, kwa kuwa haukufika kama kitabu kingine. Ulifika ndani ya Biblia. Nimekutana na waumini wanaonukuu tanbihi ya Scofield na kuitajia sura na mstari, kwa moyo safi kabisa. Waliisoma pale. Kwa hiyo kwa anayeanza kujifunza sipendekezi Biblia ya maelezo iwe ya kwanza. Asome Biblia tupu, na mfafanuzi akae katika kitabu chake, mahali ambapo inabidi umfungue kwa makusudi.

Nikichagua ufafanuzi huangalia kwanza mahali pagumu, wala sihangaiki na dibaji. Kwa Warumi, nafungua sura ya 7: "lile nilipendalo, silitendi." Nani huyo anayesema "mimi"? Paulo kabla ya kuamini? Paulo akiwa mwamini? Israeli? Adamu? Kitabu kinachonipa jibu moja kwa sentensi mbili nakirudisha. Ufafanuzi wa Cranfield, uliotoka katika juzuu mbili mwaka 1975 na 1979, unazipanga tafsiri zinazowezekana, unazipima moja moja, kisha unasimama mahali pake. Unaweza kukataa hitimisho lake na bado ukaondoka na mali. Na kwenye swali hili kuna ushahidi ambao hunigusa kila mara: Augustino alifundisha kwanza kwamba anayesema pale ni mtu aliye chini ya sheria bila neema, kisha, baada ya miaka ya kulisoma na kupigana na nafsi yake, akabadili msimamo na kuandika waziwazi kwamba amebadili. Mfafanuzi anayekubali kusahihishwa na kifungu anastahili kuaminiwa katika vifungu vingine.

Kisha kuna ufafanuzi ambao karibu kila mtu anao bila kuuhesabu: tafsiri. Weka tafsiri mbili au tatu za Kiswahili kando kwa kando, na pale zinapoachana ujue pana jambo chini yake. Hakuna namba ya Strong itakayokuonyesha haraka hivyo.

Chukua tena sala ile. Union Version inasema riziki. Sala ya Kikatoliki inasema mkate wetu wa kila siku. Habari Njema inasema "chakula chetu tunachohitaji." Yeronimo anasimulia kwamba katika injili moja iliyotumiwa na Wakristo wa Kiebrania alikuta neno mahar, kesho, yaani mkate wa kesho utupe leo. Mtu akinijia leo akiuliza epiousios maana yake nini, namfungulia Origene kwanza, halafu Yeronimo, halafu ile orodha ya Hawara yenye neno mafuta, halafu tafsiri zetu tatu, nazipanga zote mezani, na ninampa kalamu.